Adèle H.: mapenzi au maradhi?

Swali: Nimetazama filamu ya L'Histoire d'Adèle H. ya François Truffaut (1975). Adèle, binti wa mwandishi Mfaransa Victor Hugo, anavuka bahari hadi Halifax, Kanada, kumfuata Luteni Pinson, asiyemtaka. Anawaandikia wazazi kwamba wameshaoana! Mbona bado namhurumia?

Jibu: Ni mwigizaji wake, Isabelle Adjani, huyo, dada. Binti wa miaka 20 hivi, anabeba filamu nzima kwa macho. Ila mhurumie na Pinson, maana anafuatwa mpaka Barbados.

Jibu: Barbados ndipo penyewe. Pinson anamwita Adèle barabarani, naye Adèle anampita kama hamjui. Kumbe alishaacha kumpenda mtu. Anampenda yule aliyemjenga kichwani.

Muulizaji: Kweli. Na Adèle halisi aliishi hadi 1915, miongo mingi akitunzwa kama mgonjwa wa akili. Inaniuma sana.