Kuigiza sauti za watu maarufu: Mwanza nianzie wapi?

Kijana_Nyegezi
Wakuu, habari za humu. Nataka uchekeshaji uwe kazi, hasa kuigiza sauti. Mwalimu Nyerere na Hayati Magufuli nawapatia vizuri, lakini watu wanacheka mwanzoni tu, kisha kimya. Shida ni sauti? Na kazi hapa Mwanza zinapatikanaje?

MC_Kirumba
Mkuu, sauti inakupa makofi ya sekunde kumi. Baada ya hapo watu wanataka kusikia huyo mtu anasema nini. Mtoe kwenye hotuba, mpeleke mahali asipotarajiwa. Magufuli yuko mwaloni Kirumba, kauliza bei ya sato, mzani haueleweki. Anamwita mwenye mzani ajieleze mbele ya wananchi, sasa hivi. Hapo watacheka, kwa sababu kumbana mtu hadharani ulikuwa mtindo wake kweli.

Halafu usitie chumvi kwenye lafudhi ya Magufuli. Dar unaweza kupita nayo, huku Kisukuma wanakisikia nyumbani kila siku, ukighushi wanakukamata palepale.

Mazoezi: klipu ya sekunde 20 tu. Sikiliza kwanza anapovuta pumzi, kisha neno analolirefusha. Uzito wa sauti uje mwisho. Wengi wanaanza na uzito, wanakaza koo, kesho yake sauti imekauka. Jirekodi kwa simu, sikiliza yako na yake kwa zamu.

Fundi_Mitambo
Naongezea la maiki. Ishike vidole vitatu kutoka mdomoni, pembeni kidogo, la sivyo P na B zinapiga kishindo. Usikifunike kichwa chake kwa kiganja, itapiga mluzi. Na kubwa kuliko yote: mwombe DJ azime eko (mwangwi) kabla hujapanda. Maharusini wanaijaza, na ikijaa sauti zako zote zinasikika kama mtu mmoja.

Dada_wa_Shughuli
Kazi nyingi ni send-off na harusi, kwa hiyo jenga urafiki na MC na wapambaji, ndio wanaoulizwa na kamati. Omba dakika 10 hadi 12 kabla ya chakula. Foleni ya chakula ikianza hakuna anayekusikiliza, hata uwe nani. Nusu ya malipo ipokee mapema. Muda na usafiri viandikwe kwenye meseji. Shughuli ya usiku kisiwani Ukerewe maana yake unalala Nansio, malazi yawe juu yao.

Ukirusha klipu, andika wazi kuwa ni maigizo, na usifungue akaunti kwa jina na picha ya mwenye sauti. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inagusa kujifanya mtu mwingine. Usajili wa BASATA (Baraza la Sanaa la Taifa), anzia kwa afisa utamaduni wa halmashauri yako.

MC_Kirumba
Jambo jingine, mdogo wangu. Mchekeshaji Steve Nyerere, sauti ya Mwalimu ilimpa mpaka jina. Mchekeshaji mwenzake Joti yeye alijijenga kwa wahusika wake mwenyewe. Tengeneza hata mmoja wa kwako, kondakta wa Buzuruga au mama dagaa, umweke katikati ya hao viongozi wawili wazungumze naye.