Khamis na Hamisi wamekuwa watu wawili? Pencheni za wastaafu wa jeshi Unguja na Pemba

Assalam alaykum ndugu zangu. Huu uzi nimeufungua kwa hasira na siifichi.

Mtu katumikia jeshi miaka 25, karudi kwao Micheweni au Makunduchi, jalada linarudishwa limeandikwa "majina hayafanani". Tazameni kisa chenyewe. Fomu ya kuandikishwa inasema Hamisi Saidi Ally. Cheti cha kuzaliwa na ZanID (kitambulisho cha Mzanzibari) vinasema Khamis Said Ali. Karani aliandika alivyosikia, na kijana aliyesimama mbele yake hakuwa na ubavu wa kumsahihisha. Mshahara uliingia miaka yote na hakuna aliyeuliza. Siku ya kulipwa haki yake ndiyo herufi K inakuwa kizuizi! Kosa la afisi, anayetafuta ushahidi ni mzee.

Na anautafutia wapi? Wa Pemba anapanda boti Mkoani hadi Unguja, boti nyengine hadi Dar es Salaam, kisha basi au treni mpaka Dodoma, akaambiwe "acha nakala, tutakupigia". Haya ni mateso kwa mtu wa miaka sitini.

Wengi wanapotezwa tangu mwanzo. Ulinzi ni jambo la Muungano, kwa hiyo aliyetoka JWTZ, jeshi la Tanzania, hafuatilii ZSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa Zanzibar. Waliotoka vikosi vya Zanzibar, yaani KMKM (kuzuia magendo), JKU (Jeshi la Kujenga Uchumi), Valantia, Zimamoto na Mafunzo (magereza), wako chini ya SMZ, Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar, na mambo yao yana njia nyengine. Hata hili mstaafu haambiwi siku anapokabidhi sare, anazungushwa tu madirisha.

Kwa aliyekwama kwa jina: kale kiapo cha majina mahkamani, na kiapo kitaje majina yote mawili herufi kwa herufi, namba ya jeshi na tarehe ya kuandikishwa. Bila namba ya jeshi hakikusaidii kitu, maana akina Khamis Said wako tele. Barua ya sheha, kiongozi wa mtaa wako, peke yake haitoshi. Asli ya hati ya kumaliza utumishi usimwachie mtu yeyote. Toa nakala, na nakala yako ya pili igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Simu ya karani si ushahidi.

Lakini jina ni afadhali, kwani unaliona. Linalouma zaidi ni hesabu. Kiinua mgongo na pencheni ya mwezi vyote vinatoka kwenye namba mbili: miezi ya utumishi na mshahara wa mwisho. Miaka 25 ni miezi 300. Karani akianza kuhesabu tangu tarehe ya kupangiwa kikosi badala ya siku uliyoandikishwa, au kipindi cha uhamisho kikikosekana jaladani, ikapotea miezi 36, umepunguziwa asilimia 12. Si mara moja, ni kila mwezi hadi unakufa. Na cheo kilichopanda karibu na kustaafu kisipoingia kwenye mshahara, unahesabiwa kwa mshahara wa zamani. Mstaafu anaoneshwa jumla tu, anaambiwa tia saini. Usitie! Dai mchanganuo wa maandishi: tarehe ya kuanza, ya kumaliza, idadi ya miezi, mshahara uliotumika. Ulinganishe na hati zako za mshahara za mwaka wa mwisho. Kama tayari umeshasaini, andika barua ya kupinga utaje miezi inayokosekana ni ya kikosi gani, usiandike "nimepunjwa" peke yake.

Wajane ndio hawasemeki. Mume kafa, mke yuko eda, miezi minne na siku kumi, na afisi inataka afike mwenyewe. Na wanaambiwa kuwa jina lililojazwa kwenye fomu ya jeshi ndilo mrithi, wakati mirathi ya Muislamu hapa inakwenda kwa Kadhi. Mke wa pili ambaye hakuandikwa jaladani anaonekana mwizi na cheti chake cha ndoa mkononi.

Tunachotaka hakihitaji bajeti kubwa. Majina yahakikiwe mwaka mmodi kabla ya mtu kutoka, akiwa bado kambini. Mchanganuo utolewe bila kuombwa. Masahihisho yapokelewe Chake Chake na Unguja mjini, na jalada ndilo lisafiri, si mzee.

Wenye barua ya "majina hayafanani", andikeni hapa chini mwaka mliotoka na herufi iliyowakwamisha. Namba za jeshi msiziweke hadharani.