Baba akibadilishwa, nyumba itajua? Tujadili "Nimic"

Mleta mada: Wadau, jana nimeirudia "Nimic", filamu fupi ya Mgiriki Yorgos Lanthimos ya mwaka 2019. Dakika 12 tu. Jamaa mmoja, mpiga cello (ile fidla kubwa), yumo kwenye treni ya chini ya ardhi. Anamuuliza mwanamke asiyemjua: saa ngapi? Mwanamke anamkodolea macho, kisha anamrudishia swali lile lile. Kuanzia hapo anamfuata hadi nyumbani, naye anadai ndiye baba. Watoto wakitakiwa waseme baba ni yupi, jibu lao ni kwamba wao watoto tu, watajuaje?

Je, ndivyo tunavyoishi mijini siku hizi, au wasanii wanatuchezea akili? Mimi nasema ndivyo. Baadaye mwanamke yule anakalia kiti cha jamaa kwenye okestra, anaikwaruza cello ovyo, na familia inapiga makofi. Walichotaka ni kiti kisibaki kitupu.

Mchangiaji wa kwanza: Mkuu, Ugiriki iko wapi hapo? Imerekodiwa Mexico City, wanaongea Kiingereza, nyota ni Mmarekani, Matt Dillon. Halafu nani anaongea kikavu namna ile? Mimi ni mlinzi wa zamu ya usiku, narudi alfajiri, wiki nzima naweza nisikae mezani na wanangu. Lakini mdogo ananijua kwa kikohozi, kabla sijagusa kitasa.

Mleta mada: Kwa kikohozi umeniweza. Ila Ugiriki ipo. Mmoja wa walioandika ni Efthimis Filippou, aliyeandika na Lanthimos "Dogtooth", ile ya wazazi waliowafungia watoto ndani na kuwafundisha maana za uongo za maneno. Ukavu ule ulianzia huko. Wengi husema ni matunda ya mgogoro wa madeni wa Ugiriki, lakini "Dogtooth" ilishinda tuzo kwenye tamasha la filamu la Cannes Mei 2009, na serikali ya Athens ilikuja kukiri ukubwa wa nakisi ya bajeti yake Oktoba mwaka huo huo. Kwa hiyo tusisingizie njaa. Hawa walikuwa wanaikagua familia tangu mwanzo.

Mchangiaji wa pili: Watoto nawasamehe, na huyo mwanamke wa treni simjali. Mimi nimekwama kwa mke. Kila mara nikifika kwenye yale makofi namwangalia yeye tu, na sioni kama anaigiza.