Mtoto ameandika "mutoto", mnamkata alama kwa nini? Walimu na wakaguzi wa Goma, njooni hapa

Nimefungua uzi huu kwa hasira na sitaificha.

Mtoto wa mwaka wa kwanza anatoka nyumba inayosema Kinande, Kihunde au Kinyarwanda. Barabarani na sokoni anasema Kiswahili cha Goma, hapa mashariki mwa Kongo. Akiingia darasani anakuta tablo (ubao) imejaa Kifaransa, anaambiwa akopie. Anakopia vizuri, herufi zimenyooka, na hajui hata neno moja kati ya aliyoyaandika. Huko ni kuchora. Kuandika bado hajaanza!

Na msiseme sheria hakuna. Sheria ya elimu ya Kongo ya tarehe 11 Februari 2014 inataja lugha za taifa na lugha za mazingira kuwa lugha za kufundishia, na pia kuwa somo. Imekaa kwenye makabati.

Tazameni kaye (daftari) yenyewe. Mtoto kaandika "chule" akitaka shule, na "kouja" akitaka kuja. Masikio yake ni mazima. Amechukua ch na ou za Kifaransa akazitia ndani ya Kiswahili, kwa sababu hakuna aliyemwambia kwamba herufi zile zile zinasomwa namna mbili. U ya "kuku" kwa Kifaransa inaandikwa ou. Ch ya "chai" kule inasomwa sh. Gi ya "giza" kule inasomwa karibu kama ji. Sauti o peke yake ina o, au, eau. Kosa la namna hii linatibika kwa chati moja ukutani yenye safu tatu: sauti, Kiswahili, Kifaransa. Badala yake mwalimu anapiga mstari mwekundu, anaweka sifuri, anapita.

Kosa jingine linaniuma zaidi: "a na kula", "ni ta kuja". Kifaransa kinatenga anayetenda na kitendo, neno hapa, neno pale. Kiswahili kinaunganisha vyote kuwa neno moja: anakula, nitakuja. Mtoto huyo huyo kwenye dikte (imla) ya Kifaransa ataandika "jevais", "ilmange" badala ya "je vais" (naenda), "il mange" (anakula). Mnaona? Ni kosa moja, linakwenda pande zote mbili, na anaadhibiwa mara mbili bila kuelezwa hata mara moja.

Sasa "mutoto". Hapa Goma tunasema mu-to-to, silabi tatu, na u inasikika. Aliyeiandika hivyo amefanya kazi yote ya kusikia na kugawa silabi. Mpe alama ya kusikia, kisha mwonyeshe kwamba vitabuni huandikwa "mtoto". Ni mambo mawili, yasahihishwe kwa rangi mbili. Ukiyachanganya, anajifunza kutoamini masikio yake, na asiyeamini masikio yake hawezi kuandika neno jipya katika lugha yoyote.

Wale wa Kinyarwanda wanachanganya l na r kwa sababu kwao tofauti hiyo haitenganishi maneno. Dikte ishirini hazitawasaidia. Wape maneno mawili mawili yenye picha: kalamu na karamu, mahali na mahari. Wasikie kwanza, waonyeshe kwa kidole, ndipo waandike.

Utaratibu unajulikana. Irabu tano. Kisha silabi wazi, ma me mi mo mu, konsonanti moja moja. Zikishakaa, mb, nd, ng, nj zifundishwe kama kipande kimoja. Ukimwambia "n, halafu du" atakuandikia "nidugu". Wakati huo wote Kifaransa kiwe cha mdomo tu: salamu, vitu vya darasani, amri fupi. Mtoto akishaweza kuandika sentensi yake mwenyewe kwa Kiswahili, lete ou, ch, eau, moja kwa wiki, si zote siku moja.

NYONGEZA: Kuna aliyejibu kwamba mtihani wa mwisho wa msingi ni wa Kifaransa, basi tuanze nao mapema. Ndugu, mtihani uko miaka mingi mbele. Aliyekopia miaka yote hiyo bila kuelewa ndiye anayekwama mbele ya swali la Kifaransa. Na kwa anayesema madarasa yamefurika tangu elimu ya msingi ilipofanywa bure mwaka 2019: ni kweli, yamefurika. Chati ya safu tatu inahitaji karatasi kubwa moja na biki mbili. Darasa gani la hapa Goma linayo? Wekeni picha.