Naomba ushauri: mjusi wangu wa maji anajichubua pua kwenye kioo

Ndugu zangu, habari za wakati huu. Ninaishi Uingereza, na jirani aliyekuwa anahama ameniachia mjusi wake wa kijani, wa aina iitwayo joka la maji, ambaye asili yake ni misitu ya kandokando ya mito huko China kusini, Vietnam na Thailand. Ni dume la miaka sita, lenye urefu wa karibu sentimita 80, sehemu kubwa ikiwa ni mkia. Nimeelezwa kwamba akitunzwa vizuri huishi miaka 10 hadi 15, na wengine huvuka hapo, kwa hiyo huyu si mgeni wa kuondoka kesho (mke wangu bado anamwita kenge).

Joto chini ya taa ni nyuzi 32, unyevu ni asilimia 70, na nzige ninaompa nawapaka kwanza unga wa kalsiamu. Tatizo ni pua. Kila asubuhi huisugua kwenye kioo cha tangi lake kana kwamba haoni kizuizi, na sasa magamba mawili yametoka, pamebaki kidonda chekundu cha ukubwa wa punje ya mtama. Nimebandika karatasi upande wa chini wa kioo. Amepunguza, lakini hajaacha.

Tangi lina urefu wa mita moja tu, nami nashuku kasoro iko hapo. Mliowahi kumfuga, je, nimjengee banda refu la kupanda sasa hivi, au nimpeleke kwanza kwa daktari wa wanyama kidonda kipone? Na taa ya mionzi ya urujuanimno, ambayo nimeirithi pamoja naye, hubadilishwa baada ya muda gani hata kama bado inawaka?