Julian Bond wa Georgia, Marekani: alishinda uchaguzi, kwa nini walimnyima kiapo?

Msomi_Mchovu

Habari za jioni wakuu. Niko mwaka wa pili wa sheria, mwalimu ametupa kesi ya Bond dhidi ya Floyd ya 1966. Hukumu nimeisoma na nimeielewa. Anayenisumbua ni mtu mwenyewe, Julian Bond, mwanasiasa Mweusi. Habari nyingi ninazokutana nazo zinaishia siku alipoapishwa, kisha zinaruka mpaka alipokuwa mwenyekiti wa NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi Marekani. Hapo katikati kuna miaka 20 ndani ya bunge la Georgia. Alikuwa anafanya nini? Na ni kweli aliangushwa na rafiki yake? Anayejua anisaidie, kesho kutwa nawasilisha.

Mzee Chaki

Mwanangu, nimefundisha uraia mpaka nikastaafu, na huyu bwana nilikuwa nampenda kama mfano kwa sababu hakai vizuri kwenye kisanduku cha shujaa. Ngoja nianze na neno. Kiswahili chetu kinatuangusha hapa: Georgia ni jimbo, na eneo analotoka mbunge nalo tunaliita jimbo. Nitaita la kwanza jimbo, la pili wilaya ya uchaguzi. Ukichanganya haya mawili hutamwelewa Bond, maana maisha yake yote ya siasa ni habari ya mistari kwenye ramani.

Kwanza, aliingiaje? Kabla ya miaka ya 60, bunge la Georgia lilikuwa mali ya vijijini. Kaunti yenye watu wachache ilikuwa na sauti kubwa kuliko kitongoji kilichojaa watu Atlanta, mji mkuu wa jimbo. Mahakama zikaamuru wilaya zichorwe upya kwa kufuata idadi ya watu, ukaitishwa uchaguzi maalumu 1965. Ghafla zikapatikana wilaya za Atlanta ambazo Mweusi angeweza kushinda. Bond alikuwa na miaka 25, ameacha chuo cha Morehouse bila shahada, anafanya kazi ya uenezi katika SNCC, ile kamati ya wanafunzi wapigania haki. Alipita mlango kwa mlango. Alidai kima cha chini cha mshahara cha dola 2 kwa saa. Akapata asilimia 82 ya kura, katika wilaya ambayo wapiga kura wake 6,500 walikuwa karibu 6,000 Weusi.

Tarehe 6 Januari 1966 SNCC ikatoa tamko la kupinga vita vya Vietnam. Bond hakuliandika yeye, ila mwandishi wa habari alipomuuliza alisema analiunga mkono. Tarehe 10 akaenda kuapa. Wenzake wote wakaapa, yeye akaambiwa akae pembeni. Jioni wakapiga kura: 184 wakamkataa, 12 wakamkubali. Siku nne baadaye akatimiza miaka 26, hana kiti.

Hapa wanafunzi wangu walikuwa wanadhani mahakama ilikuja mbio kumwokoa. Hapana. Mahakama ya kwanza, majaji watatu, ilimkatalia kwa mbili kwa moja. Februari uchaguzi ukarudiwa, akashinda, wakamkataa tena. Ukaja uchaguzi wa kawaida mwaka huo huo, akashinda tena. Watu wale wale walimchagua mara tatu, na kwa mwaka mzima hawakuwa na mtu wa kuwasemea bungeni. Desemba 5 ndipo Mahakama ya Juu ya Marekani ikasema, bila jaji hata mmoja kupinga, kwamba uhuru wa kusema wa mbunge haupungui kwa sababu yeye ni mbunge. Januari 1967 akaapa.

Dada Wakili

Mzee umeeleza vizuri, naongezea la kisheria kwa ajili ya uwasilishaji wake. Jimbo halikusema "tunamfukuza kwa maoni yake". Lilisema halimwamini kwamba ataapa kwa moyo kuitii Katiba. Mahakama ikajibu kwamba bunge lina haki ya kudai kiapo, halina haki ya kukigeuza kipimo cha moyo wa mtu. Usiliache hilo, mwalimu atakuuliza.

Msomi_Mchovu

Shikamoo mzee. Asante sana dada. Sasa hiyo miaka 20 mzee, na huyo rafiki?

Mzee Chaki

Marahaba. Miaka 20: minane baraza la wawakilishi, kisha kuanzia 1975 kumi na miwili seneti ya jimbo. Nitasema ukweli, hapo ndipo watu humlaumu. Bunge la Georgia si kazi ya mwaka mzima, kikao chake mpaka leo hakizidi siku 40 za kazi kwa mwaka. Siku nyingine mbunge anatafuta riziki, na riziki ya Bond ilikuwa kuhutubia vyuoni nchi nzima. Alikuwa maarufu kuliko bunge lenyewe. Mwaka 1968, kwenye mkutano mkuu wa Democrats huko Chicago, jina lake lilitajwa kuwania umakamu wa rais. Akalitoa mwenyewe: alikuwa na miaka 28, Katiba inataka 35. (Shahada yake aliirudia akaipata 1971. Hilo nilikuwa nawaambia kila mwaka wale waliofeli.)

Kazi yake nzito seneti, kwa maoni yangu, ni ramani. Baada ya sensa ya 1980 alipigania Atlanta ipate wilaya ya Kongresi (bunge la taifa, Washington) yenye Weusi wengi kiasi cha kumchagua Mweusi. Alitaka wawe asilimia 69. Bunge likampa 57. Mahakama huko Washington ikaona ramani ile imechorwa kwa nia ya ubaguzi, ikaikataa, na 1982 ikachorwa upya yenye 65. Alifanya hivyo akishirikiana na maseneta wa chama pinzani cha Republican, waliokuwa na hesabu zao: Weusi wakijaa wilaya moja, zinazobaki zinakuwa nyepesi kwao.

Mbunge Mzungu wa wilaya ile alipoondoka 1986 kugombea Seneti ya Marekani, kila mtu alijua kiti ni cha Bond. Akajitokeza John Lewis, diwani wa Atlanta, mwenyekiti wa zamani wa SNCC, mtu waliyekula naye na kukimbia naye polisi. Kwenye kura za maoni za chama Bond akaongoza, asilimia 47 kwa 35, lakini hakufika nusu. Duru ya pili Lewis akashinda kwa 52 kwa 48. Kampeni ilikuwa chafu. Lewis alimtaka waende wote wakapimwe dawa za kulevya, Bond akakataa, na urafiki ukaingia ufa. Lewis alimpiga pia kwa hoja kwamba Bond ni hodari wa jukwaani tu, yeye ndiye mchapakazi.

Sasa angalia kura zenyewe. Wengi wa Weusi walimpa Bond. Wazungu waliobaki ndani ya wilaya ile walimpa Lewis kwa wingi mkubwa, na hao ndio waliomaliza mchezo. Ile 65 ilitosha kumpeleka Mweusi Washington. Haikutosha kumpeleka Bond.

Kijiwe_Cha_Kahawa

Duh. Kwa hiyo aliishia hapo?

Mzee Chaki

Kwenye kugombea, ndiyo. Alifundisha chuo, akaongoza NAACP kuanzia 1998 hadi 2010, akafariki Agosti 2015 akiwa na miaka 75. Mwanawe Michael Julian Bond akawa diwani wa jiji la Atlanta.

Msomi_Mchovu

Swali la mwisho mzee, Floyd ni nani? Kwenye hukumu ni jina tu.

Mzee Chaki

James Floyd, mbunge aliyekuwa mstari wa mbele kumzuia. Ukienda Atlanta, jengo refu la ofisi za serikali mkabala na bunge limepewa jina lake.