Gredi ya 8: mbona kujumlisha uwiano kunafaa swali moja na kukataa lingine?

Mama Kibanda, Umoja
Hamjambo wote. Binti yangu yuko Gredi ya 8 na hesabu za uwiano zinamliza. Jana tulikesha na swali moja hadi saa tano usiku: Otieno na Wanjiku waligawana pesa kwa uwiano wa 3:5. Wanjiku alipata shilingi 240 zaidi ya Otieno. Waligawana pesa ngapi?

Alijumlisha 3 na 5, akagawa 240 kwa 8, akapata 30. Akaandika Otieno 90, Wanjiku 150. Kitabu kinasema jibu ni 960. Lakini swali la juu yake, la kugawana shilingi 400 kwa uwiano uo huo, alilipata kwa njia hiyo hiyo. Ananiuliza mbona njia iliyokuwa sawa imegeuka kosa. Mimi nauza nyanya na vitunguu, sina la kumjibu. Nisaidieni.

Kijana wa Pipeline
5x toa 3x ni 240. x ni 120. Zidisha kwa 8.

Mwalimu wa Hisabati
Kijana, ni sawa kabisa, ila mtoto atauliza hiyo x ni kitu gani.

Mama, wewe hupanga nyanya mafungu kila asubuhi. Mpangie mezani mafungu 3 ya Otieno na 5 ya Wanjiku, yote yatoshane. Muulize: Wanjiku amemzidi mwenzake mafungu mangapi? Mawili. Hayo mawili ndiyo shilingi 240. Fungu moja basi ni 120, na yote 8 ni 960.

Zile 400 zilikuwa pesa za mafungu yote, ndiyo maana 8 ilimfaa. Siku nyingine ataambiwa Otieno peke yake alipata 240. Hapo atagawa kwa 3, fungu liwe 80. Kabla hajashika kalamu aseme kwanza: namba niliyopewa ni ya mafungu gani? Na kwa kuwa maswali yameandikwa kwa Kiingereza, akusimulie swali kwa Kiswahili. Wanafunzi wangu wengi hapo ndipo hugundua wameruka neno "zaidi".

Halafu apime jibu. 150 toa 90 ni 60, na swali lilisema 240. Angelikamata kosa mwenyewe.

Fundi, Kayole
Kweli mwalimu. Zege letu mjengoni ni 1:2:4, simiti, mchanga, kokoto. Nilimwambia kijana mgeni, leo simiti ni karai 3, andaa vingine. Akaanza kugawa 3 kwa 7! Hizo 3 ni za simiti tu: mchanga 6, kokoto 12. Na kipimo kiwe kimoja, ukianza na karai usimalizie na wilibaro.

Mama Kibanda, Umoja
Mungu awabariki. Tumetumia vitunguu, nyanya zimeiva mno. Alipoona yale mawili ya ziada alinyamaza, kisha akafuta ukurasa mzima bila kuambiwa. Akatunga lake: nyanya mbovu kwa nzima ni 1:7, nzima zimezidi kwa 90, kreti ina ngapi? Akapata 120. Nikahesabu nyuma, ni sawa.

Sasa ana swali jingine. Mimi nina miaka 42, yeye 14, yaani 3:1. Miaka 7 iliyopita tulikuwa 35 na 7, yaani 5:1. Kama namzidi miaka 28 siku zote, uwiano umebadilikaje?

Mwalimu wa Hisabati
Swali zuri sana hilo. Wakati ule fungu lilikuwa la miaka 7, nawe ulimzidi mafungu 4. Leo fungu ni la miaka 14, unamzidi 2. Zidisha, zote ni 28. Fungu ndilo lililokua. Sasa atafute: mtakapokuwa 2:1, atakuwa na miaka mingapi?